Tai ya mtoto wa Harlem: Safari ya vazi la mwanamume Mweusi

Jumapili asubuhi katika Mtaa wa 138, Harlem, kaskazini mwa kisiwa cha Manhattan jijini New York, kuna jambo ambalo mzazi wa Dar es Salaam au Mombasa atalitambua bila kuelezwa. Familia zinatoka kwenye vituo vya treni za chini ya ardhi zikiwa na nguo za kanisani. Karibu na mlango wa Kanisa la Abyssinian baba husimama, humgeuza mwanawe wa kiume, humkaza tai, humnyoosha kola, kisha humtazama kuanzia kichwani hadi kwenye viatu kabla ya kumruhusu aingie.

Kwetu jambo hilo huchukua nusu dakika na likaisha. Harlem nako huchukua nusu dakika, lakini nyuma yake kuna karibu miaka 300 ya sheria, vipigo, mapenzi ya wazazi na ushonaji hodari. Katika nchi ambayo mwanamume Mweusi mara nyingi hupimwa kwa macho kabla hajafungua kinywa, nguo imekuwa ikitangulia kumsemea.

Anayetaka kuielewa historia hiyo anaweza kuitembelea kwa miguu. Kutoka kanisani hapo hadi kona ya Mtaa wa 110, kusini mwa Harlem, ni kilomita zisizofika tatu. Kila baada ya mitaa kadhaa kuna mahali ambapo shati, koti au kofia iliwahi kuwa jambo zito.

Suti iliyokula kitambaa kingi

Kanisa lenyewe lilianzishwa mwaka 1808 na waumini waliokataa kukaa kwenye viti vilivyotengwa kwa ajili ya Weusi. Jina lake linatokana na Uhabeshi, jina la zamani la Ethiopia. Lilihamia Mtaa wa 138 mwaka 1923, wakati maelfu ya familia za Weusi zilipokuwa zikikimbia mashamba na mauaji ya kusini mwa Marekani kutafuta kazi katika miji ya kaskazini. Wengi wa wanaume hao walikuwa wapagazi, wapishi na wafagiaji siku sita za wiki, wakivaa sare walizopewa na mwajiri. Siku ya saba walivaa walichochagua wenyewe.

Hatua chache kutoka hapo, kwenye Barabara ya Lenox kati ya Mtaa wa 140 na 141, ulikuwapo ukumbi wa dansi wa Savoy, uliofunguliwa mwaka 1926 na kufungwa mwaka 1958. Leo kimebaki kibao cha ukumbusho tu. Vijana waliocheza humo miaka ya mwisho ya 1930 walipenda suti iliyoitwa zuti: koti refu linalokaribia magoti, mabega mapana yaliyojazwa pamba, suruali iliyopandishwa juu ya kiuno, pana magotini na kubana kwenye vifundo vya miguu. Mnyororo mrefu ulining'inia pembeni. Mwanamuziki Cab Calloway aliivaa katika filamu ya Stormy Weather ya mwaka 1943, na vijana wakaifuata.

Kosa la suti hiyo machoni pa wakubwa lilikuwa wingi wa kitambaa. Machi 1942, Marekani ikiwa vitani, serikali iliagiza sufu ipunguzwe kwenye suti za wanaume. Aliyeendelea kuvaa zuti alionekana kuwa msaliti wa nchi. Juni 1943, katika jiji la Los Angeles, mabaharia na askari waliingia mitaani kuwasaka vijana wenye suti hizo, wengi wao wenye asili ya Meksiko, lakini pia Weusi na Wafilipino. Waliwapiga na kuwavua nguo hadharani. Wengi waliopelekwa rumande walikuwa wale waliopigwa.

Mmoja wa vijana waliovaa zuti miaka hiyo alikuwa Malcolm Little. Katika kitabu cha maisha yake kilichotoka mwaka 1965 alieleza jinsi alivyonunua ya kwanza kwa mkopo mjini Boston, ya rangi ya buluu ya anga, akiwa bado kijana mdogo. Alipoitwa kupimwa ili aingizwe jeshini mwaka 1943, alikwenda na suti ya aina hiyo na kujifanya kichaa. Alikataliwa, kama alivyotaka. Tutakutana naye tena mbele kidogo, akiwa na nguo nyingine kabisa.

Picha za kutuma nyumbani

Kwenye Mtaa wa 135, wakati wa Vita Kuu ya Kwanza ya Dunia, mpiga picha James Van Der Zee alifungua studio. Kwa miongo kadhaa watu wa Harlem walikwenda kwake wakiwa wamevalia vizuri: mabwana harusi, askari waliorudi vitani, baba na watoto wao. Alikuwa na pazia la nyuma, viti vya heshima na mkono mwepesi wa kurekebisha kasoro kwenye picha. Picha yake ya mwaka 1932 ya mume na mke waliovaa makoti ya manyoya kando ya gari la Cadillac, Mtaa wa 127, imekuwa moja ya picha zinazojulikana zaidi za Harlem. Ilipigwa wakati uchumi wa dunia umeanguka na ajira zimepotea.

Mzazi wa Kiafrika anaielewa picha ya namna hiyo. Ni ile inayotumwa kijijini ili bibi aone kwamba mjini tumefika na tunakula. Inaweza kuficha kodi ya nyumba iliyochelewa, lakini haisemi uongo wote. Aliyepigwa picha alitaka akumbukwe hivyo, na wajukuu wamemkumbuka hivyo.

Watoto nao walivalishwa kwa ajili ya macho ya wengine, wakati mwingine kwa sababu nzito zaidi. Tarehe 28 Julai 1917, baada ya Weusi wengi kuuawa katika mji wa East St. Louis, watu wapatao 10,000 waliandamana kwenye Barabara ya Tano ya New York bila kuimba wala kupiga kelele. Kilichosikika ni ngoma tu. Watoto na wanawake walivaa nguo nyeupe. Wanaume waliwafuata nyuma wakiwa na suti nyeusi katika joto la Julai.

Wazazi walioamka alfajiri siku ile kupiga pasi magauni na mashati meupe walijua nguo hazitamrudisha aliyekufa. Walitaka jiji liwaone watoto wao kama watoto.

Fundi wa Mtaa wa 125

Mtaa wa 125 ndio moyo wa biashara wa Harlem. Hapo ndipo lilipo jumba la Apollo, ambalo tangu mwaka 1934 limewatoa wanamuziki wengi Weusi. Upande wa mashariki wa mtaa huo, mwaka 1982, mzaliwa wa Harlem aitwaye Daniel Day, maarufu kwa jina la Dapper Dan, alifungua duka la nguo lililokuwa wazi usiku na mchana.

Maduka ya kifahari ya katikati ya jiji hayakuwa na haja na wateja wake. Dan akajifundisha kuchapa nembo za kampuni za Ulaya kwenye ngozi, kisha mafundi wake, miongoni mwao Wasenegali, wakashona makoti ambayo kampuni zenyewe hazikuwahi kuyawaza. Walikuja wanamasumbwi, wauza unga wenye fedha za haraka, na vijana wa muziki mpya wa rap. Mike Tyson alikuwa mteja, LL Cool J pia.

Nembo zile hazikuwa zake, na kampuni zilikwenda mahakamani. Baada ya upekuzi wa mara kwa mara na mali kukamatwa, duka lilifungwa mwaka 1992. Miaka 25 baadaye, mwaka 2017, Gucci ilionyesha jukwaani koti lililofanana mno na lile ambalo Dan alimshonea mwanariadha Diane Dixon mwaka 1989. Safari hii watu ndio waliopiga kelele, wakiuliza nani sasa amemwiga nani. Kampuni hiyo ikaingia naye ubia, na mwaka 2018 akafungua tena chumba cha ushonaji hapo hapo Harlem.

Kwa kijana wa mtaa huo, fundi huyo alionyesha kwamba anayefungiwa mlango wa duka anaweza kushona mwenyewe. Alionyesha pia kuwa kubuni bila haki ya jina kunaweza kumwacha mtu mikono mitupu kwa robo karne.

Hudi ya mtoto wa miaka 17

Maduka ya Mtaa wa 125 leo yamejaa raba, kofia za chepeo na masweta yenye kofia ambayo vijana huyaita hudi. Ni nguo ya kawaida kabisa, ya baridi na ya michezo. Tarehe 26 Februari 2012, mjini Sanford, Florida, Trayvon Martin mwenye miaka 17 alikuwa ameivaa akirudi kutoka dukani na pakiti ya pipi na kinywaji. Mkazi aliyekuwa akilinda mtaa alimwona kuwa mtu wa kutiliwa shaka. Kijana huyo, ambaye hakuwa na silaha, alipigwa risasi akafa. Mwaka uliofuata aliyempiga risasi aliachiwa na mahakama.

Kabla ya kesi, baadhi ya watu walisema hadharani kwamba hudi ndiyo iliyomponza, na wakawashauri wazazi Weusi wawakataze watoto wao kuivaa. Maelfu walijibu kwa kuivaa. Mwezi mmoja baadaye, Machi 28, mbunge Bobby Rush wa Chicago alisimama bungeni mjini Washington akiwa na suti. Akiendelea kuzungumza alivua koti, ndani kukaonekana hudi, akajifunika kichwa. Alitolewa nje kwa kuvunja kanuni inayokataza kofia ukumbini.

Kwa muda ule mfupi suti na hudi zilikuwa juu ya mwili mmoja wa mzee wa miaka 65. Aliyekuwa mheshimiwa dakika moja iliyopita sasa alikuwa anasindikizwa mlangoni.

Ndiyo maana katika nyumba nyingi za Weusi wa Marekani kuna mazungumzo ambayo mzazi humfanyia mwanawe akikaribia ujana. Polisi akikusimamisha, mikono ionekane. Usikimbie. Shusha kofia ya hudi ukiingia dukani. Jibu kwa adabu hata ukionewa, ili urudi nyumbani. Ni mazungumzo ya upendo, lakini yana gharama kwa mtoto anayejifunza kwamba mwili wake unaogopwa. Mwaka 2019 Chama cha Madaktari wa Watoto cha Marekani kilitoa tamko kikieleza kuwa ubaguzi wa rangi unaathiri afya ya watoto na vijana, na kuwataka madaktari walichukulie jambo hilo kuwa sehemu ya kazi yao.

Sheria nazo ziliingia kwenye suruali. Mji wa Opa-locka, Florida, ambao wakazi wake wengi ni Weusi, ulipiga marufuku mlegezo mwaka 2007 na kuifuta amri hiyo mwaka 2020. Watanzania wenye umri mkubwa hawatashangaa. Mwishoni mwa mwaka 1968, Umoja wa Vijana wa TANU ulitangaza Operesheni Vijana dhidi ya sketi fupi, mawigi na suruali za kubana, na vijana wa Dar es Salaam walisumbuliwa mitaani kwa jina la utamaduni wa taifa. Kumhukumu kijana kwa pindo la nguo si ugonjwa wa nchi moja.

Malcolm wa Mtaa wa 116

Ukifika Mtaa wa 116 unasikia Kiwolofu na Kifaransa. Watu hupaita Senegali Ndogo. Soko la Malcolm Shabazz linauza vitenge, kanzu za Afrika Magharibi na dashiki, zile shati pana zenye nakshi kifuani ambazo Weusi wa Marekani walianza kuzivaa kwa wingi mwishoni mwa miaka ya 1960, walipotaka vazi lisilopitia London wala Paris.

Msikiti ulio karibu na soko hilo unabeba jina la yule kijana wa zuti. Malcolm aliingia Uislamu gerezani, na kuanzia mwaka 1954 aliongoza hekalu la Nation of Islam hapa Harlem akijulikana kama Malcolm X. Rangi ya buluu ya anga ilikwisha. Sasa ilikuwa suti ya rangi iliyokolea, shati jeupe, tai nyembamba na miwani. Alizungumza maneno makali yaliyoitikisa Marekani akiwa amevaa kama karani wa benki. Aprili 1964 alikwenda Makka kuhiji, akavaa ihramu, shuka mbili nyeupe zisizo na mshono, sawa na mahujaji wa rangi zote waliomzunguka. Aliporudi hakuzungumza tena juu ya watu weupe kama zamani.

Oktoba mwaka huo alifika Dar es Salaam na kuonana na Mwalimu Nyerere. Desemba 13, Abdulrahman Babu, Mzanzibari aliyekuwa waziri katika serikali ya Tanzania, alihutubia mkutano wa Malcolm kwenye ukumbi wa Audubon, kaskazini mwa Harlem. Ni katika ukumbi huo huo Malcolm aliuawa kwa risasi tarehe 21 Februari 1965, akiwa na suti yake.

Nguo za baharia

Mwisho wa matembezi, kona ya Mtaa wa 110, imesimama sanamu ya Frederick Douglass. Mwaka 1838, akiwa mtumwa katika jimbo la Maryland, alivaa nguo za baharia, akachukua karatasi za kuazima na kupanda treni kuelekea kaskazini. Kesho yake alikuwa New York, mtu huru. Baadaye akawa msemaji mkubwa dhidi ya utumwa na Mmarekani aliyepigwa picha nyingi kuliko wote katika karne ya 19. Alisimama mbele ya kamera na koti zuri, bila tabasamu, kwa sababu michoro ya wakati ule ilizoea kumwonyesha Mweusi akichekacheka na matambara.

Matambara hayo yaliwahi kuandikwa kwenye sheria. Mwaka 1740, baada ya watumwa wa South Carolina kuasi mwaka uliotangulia, koloni hilo lilipitisha sheria iliyotaja vitambaa duni ambavyo mtumwa aliruhusiwa kuvaa. Akikutwa na kizuri zaidi, kiliweza kuchukuliwa mwilini mwake. Bwana aliyemvalisha mtumishi wa nyumbani sare za kifahari kwa fahari yake mwenyewe hakuguswa.

Msomaji wa Zanzibar anaweza kutikisa kichwa hapa. Visiwani nako nguo ilitenganisha mwungwana na mtumwa, na kichwa kilichofunikwa hakikuwa haki ya kila mtu. Utumwa ulipopigwa marufuku mwaka 1897, wanaume waliotoka utumwani walivaa kanzu na kofia. Hawakuhitaji kutoa hotuba.

Paundi nane za furaha

Kutoka kwenye sanamu, ukifuata Barabara ya Tano kando ya bustani kubwa ya Central Park, unafika kwenye makumbusho ya Metropolitan, Mtaa wa 82. Kuanzia Mei 10 hadi Oktoba 26, mwaka 2025, makumbusho hayo yalifanya maonyesho ya mavazi ya wanaume Weusi, yakitokana na kitabu cha mwaka 2009 cha Profesa Monica L. Miller. Tangu mwaka 2003 idara yake ya mavazi haikuwa imefanya maonyesho ya nguo za wanaume.

Jina la maonyesho hayo, Superfine, lina uhusiano na Olaudah Equiano, aliyejinunulia uhuru wake katika kisiwa cha Montserrat mwaka 1766 kwa paundi 40. Katika kitabu chake cha mwaka 1789 anaeleza kwamba, hata kabla ya karatasi ya uhuru kuandikwa, alitumia zaidi ya paundi nane kununua suti ya kitambaa bora, ili aicheze siku atakapokuwa huru. Kiasi hicho ni moja ya tano ya bei ya uhuru wake. Mtu mwingine angesema ni ubadhirifu. Ilikuwa fedha ya mtu aliyekwisha kujihesabu huru.

Paundi nane zile zinasaidia kumwelewa baba wa Mtaa wa 138. Anajua tai haizuii risasi. Amesoma kuhusu wanaume walioonewa wakiwa na suti na vijana waliokufa wakiwa na hudi. Bado humkaza mwanawe tai, kwa sababu anataka mtoto ajione ni wa thamani kabla mtu baki hajampangia bei.

Masweta na raba za Marekani hufika kwetu kwenye marobota ya mitumba, Kariakoo na Gikomba, bila maelezo. Mtoto wa kiume huchagua hudi kwa sababu ameiona kwenye video, na mzazi huona uhuni. Mara nyingi neno la kwanza huwa "vua hiyo". Huenda kweli nguo haifai kwa mahali anapokwenda, na mzazi ana haki ya kusema hivyo. Lakini kabla ya kusema, mzazi anaweza kumwita akae, amuulize ameipenda kwa nini na anataka watu wamwone vipi, kisha amsimulie kidogo kuhusu waliovuliwa nguo barabarani na yule aliyenunua suti ya kucheza siku ya uhuru wake. Baada ya hapo, kama ni Jumapili, amkaze tai.